Ufa wa Savar ni Ufa Wetu

Ndugu wanachama,

Shati nililovaa leo nililinunua Gikomba kwa shilingi mia moja. Ndani ya ukosi pana kitambaa kidogo kinachosema kwamba lilishonwa Bangladesh. Lilishonwa huko, likavaliwa Ulaya, likatolewa, likafungwa katika robota la mitumba, likapanda meli hadi Mombasa, na sasa liko mgongoni mwangu. Sioni haya kulivaa, wala simlaumu mama aliyeniuzia, kwani naye anatafuta riziki kama sisi. Lakini nataka tuulizane jambo moja. Hata lilipokuwa jipya dukani, shati hili liliuzwa rahisi sana. Wahenga walisema rahisi ni ghali. Basi ni nani aliyelipa ile bei iliyobaki?

Jibu moja liko katika mji wa Savar, karibu na Dhaka, mji mkuu wa Bangladesh. Palikuwa na jumba la ghorofa nane huko, jina lake Rana Plaza. Chini palikuwa na benki na maduka. Juu palikuwa na viwanda vitano vya nguo, na ndani yake watu zaidi ya elfu tatu, wengi wao wanawake vijana. Ghorofa za juu ziliongezwa bila idhini, na huko juu ziliwekwa jenereta kubwa za umeme. Siku ya Jumanne tarehe 23 Aprili 2013 nyufa kubwa zilionekana katika kuta na nguzo. Injinia aliitwa, akatazama, akasema jumba si salama. Watu wakatolewa.

Sasa sikilizeni yaliyotokea asubuhi ya pili. Benki iliwaambia makarani wake wabaki nyumbani. Maduka hayakufunguliwa. Lakini watu wa cherehani waliamriwa kupanda ngazi. Mwenye jumba alisema hakuna hatari. Wako walioambiwa kwamba asiyeingia atakosa mshahara wa mwezi mzima. Mshahara wa chini siku hizo ulikuwa kama dola 38 za Marekani kwa mwezi, na mtu wa mshahara huo hana akiba ya kula hata wiki moja. Wakaingia. Kabla ya saa tatu asubuhi umeme ulikatika, jenereta zikawashwa, na jumba likaanguka lote. Walikufa watu 1,134, na wengine kama 2,500 wakaumia. Wako waliokatwa mkono au mguu ili wapate kutolewa chini ya vifusi.

Ndugu zangu, wote waliuona ufa ule ule. Karani wa benki aliuona na mshona nguo aliuona. Karani aliambiwa na wakubwa wake akae nyumbani. Mshona nguo hakuwa na mtu wa kumsemea, kwa maana katika viwanda vyote vitano hapakuwa na chama cha wafanya kazi hata kimoja. Kila msichana alisimama peke yake mbele ya nyapara, akapima moyoni mwake: njaa ya mwezi huu, au hatari ya leo? Mtu mmoja akisema hapana, huyo ni mkaidi, naye hufukuzwa. Watu elfu tatu wakisema hapana kwa sauti moja, nyapara ataanzia wapi?

Labda mtu atasema kwamba watu wale walikosa wakaguzi. La, hawakukosa. Viwanda viwili vya jumba lile vilikuwa vimekwisha kaguliwa kwa niaba ya wanunuzi wa Ulaya. Kule Karachi, Pakistan, kiwanda kimoja cha nguo kilipewa cheti cha kimataifa cha hali njema ya kazi mwezi wa Agosti 2012. Tarehe 11 Septemba mwaka ule ule kiwanda hicho kiliwaka moto, na watu zaidi ya 250 wakafa, kwa sababu milango ilikuwa imefungwa na madirisha yalikuwa na vyuma. Cheti kilikuwa safi. Mkaguzi anayelipwa na tajiri huja siku iliyotangazwa, hunywa chai ofisini, huandika, huenda zake. Mtu anayekaa humo saa kumi na mbili kila siku ndiye ajuaye mlango upi una kufuli.

Tena jambo hili si la Waasia tu. Tarehe 25 Machi 1911 mjini New York kiwanda cha Triangle kiliungua, wakafa watu 146, wengi wao wasichana wahamiaji. Mlango mmoja ulikuwa umefungwa, kwa maana wenye kiwanda waliogopa kuibiwa vitambaa. Na wasichana hao walikuwa wamegoma miaka miwili nyuma, mwaka 1909, pamoja na maelfu ya wenzao wa mji ule, wakidai mshahara na chama. Viwanda vingi vilikubali. Wenye Triangle walikataa kukitambua chama. Baada ya moto ule watu walijaa barabarani kwa hasira, vyama vikasukuma, na serikali ya New York ikatunga sheria mpya za viwanda. Basi kutoka 1911 hadi 2013 ni miaka zaidi ya mia moja, na kufuli ni ile ile.

Je, baada ya Savar lilipatikana jambo lolote la kufaa? Lilipatikana. Tarehe 15 Mei 2013, vifusi vikiwa bado havijaondolewa vyote, yalitiwa sahihi mapatano ambayo hayajapata kuonekana katika kazi ya nguo. Upande mmoja walikuwa wanunuzi wakubwa wa nguo wa Ulaya na kwingineko, na mwishowe kampuni zilizotia sahihi zilizidi 200. Upande wa pili vilikuwa vyama vya wafanya kazi vya dunia, IndustriALL na UNI, pamoja na vyama vya Bangladesh. Mapatano hayo yalikuwa na meno. Majina ya viwanda na makosa yao yalitangazwa hadharani. Mfanya kazi alipewa haki ya kukataa kuingia penye hatari. Na kampuni iliyovunja ahadi iliweza kushitakiwa. Mwaka 2018 kampuni moja kubwa ilikubali kutoa dola milioni 2.3 baada ya vyama kuipeleka mbele ya waamuzi. Viwanda zaidi ya 1,600 vilikaguliwa, milango ya moto ikawekwa, nguzo zikaimarishwa.

Sisemi kwamba wenzetu wa Bangladesh sasa wamo katika raha. Mwaka 2023 waligoma kudai mshahara wa chini uongezwe, wakapewa zaidi kidogo tu ya nusu ya walichodai, na wako waliouawa katika maandamano. Mapatano ya 2013 yaliziba ufa wa ukuta. Ufa wa tumbo bado.

Hapa nataka kuwajibu ndugu wawili ambao nawasikia kila mara katika mikutano yetu.

Wa kwanza husema, "Tukipiga kelele, tajiri atafunga cherehani zake aende nchi nyingine." Hofu hii si ya kuchekwa. Viwanda vingi vya nguo katika maeneo ya EPZ hapa Kenya hushona kwa ajili ya Marekani, na tangu mwaka 2000 vimetegemea sheria ya huko iitwayo AGOA, iliyoruhusu nguo zetu kuingia bila ushuru. Mwaka 2025, muda wa sheria ile ulipokuwa ukikaribia kwisha, tuliona jinsi riziki ya maelfu ya nyumba inavyoweza kuning'inia kwenye kalamu ya mtu asiyetujua. Lakini tazameni hesabu ya Bangladesh. Mwaka ulioishia Juni 2013 nguo zilizouzwa nje kutoka nchi ile zilikuwa za thamani ya dola bilioni 21 na zaidi. Miaka sita baadaye, vyama vikiwa vimekwisha ingia na kukagua, zilikuwa zaidi ya bilioni 34. Matajiri hawakukimbia. Na jambo la maana ni kwamba mapatano yale yaliwafunga wanunuzi wenyewe, wale wenye maduka makubwa, wala hayakumfunga mwenye kiwanda peke yake. Nchi moja ikidai peke yake, huogopeshwa kwa nchi ya pili. Vyama vya nchi nyingi vikimshika mnunuzi mmoja, atakimbilia wapi?

Ndugu wa pili husema, "Mambo ya mito na takataka ni ya wasomi, chama kishughulikie mishahara." Huyo namwomba asikilize habari ya Tirupur, mji wa kusini mwa India uliojaa viwanda vya fulana. Huko nguo zilitiwa rangi, na maji ya rangi yenye chumvi na dawa kali yalimwagwa katika mto Noyyal kwa miaka mingi. Bwawa la Orathupalayam, lililojengwa kuwanywesha wakulima mashamba yao, likajaa maji ya sumu. Wakulima walipeleka shauri mahakamani. Wenye viwanda waliahidi na kuahidi tena. Mwisho, mwezi wa Januari 2011, Mahakama Kuu ya Madras iliamuru viwanda vya kutia rangi vifungwe, mamia kwa mamia, mpaka viache kabisa kumwaga maji machafu. Ni nani aliyeketi nyumbani bila kazi siku iliyofuata? Ni mtia rangi, na mfunga mizigo, na mshona fulana aliyekosa kitambaa. Faida ya kumwaga sumu ilikwisha ingia mfukoni mwa tajiri zamani. Hasara ya kuacha kumwaga ilimfikia kibarua siku moja.

Na dawa ile ile iuayo samaki mtoni, kabla ya kufika mtoni imepita katika mikono na mapafu ya mtu. Tajiri asiyejali mkono wa mfanya kazi hawezi kuujali mto. Kwa hivyo habari ya maji machafu ni habari ya chama, na ni sisi tulio ndani tuonao bomba linaelekea wapi.

Sasa turudi kwetu. Kiwanda kimoja nilichofanyia kazi zamani, ambacho sitakitaja, kilikuwa na mlango wa nyuma wenye kufuli kubwa. Tuliambiwa ni kwa sababu ya wezi wa vitambaa. Nilipomwuliza nyapara ufunguo u wapi, alicheka, akasema uko kwa mkubwa, na mkubwa yuko mjini. Nilinyamaza, kwa kuwa nilikuwa kibarua wa siku na nilitaka kuitwa tena kesho yake. Bahati ilikuwa njema, moto haukutokea. Lakini nikisoma habari za Karachi nakumbuka kufuli ile, naona aibu, kwani sikunyamaza peke yangu. Tulinyamaza sote, watu mia mbili.

Siku hizi hatuna sababu ya kunyamaza kwa kutojua sheria. Sheria ya Usalama na Afya Kazini ya mwaka 2007, kifungu cha 14, yasema kwamba mfanya kazi akiona hatari kubwa na aripoti kwa mkubwa wake, na mpaka hatari iondolewe hapasi kulazimishwa kurudi mahali pale. Yasema tena kwamba aliyeondoka kwa sababu ya hatari kama hiyo hatafukuzwa wala kuadhibiwa. Sheria hiyo hiyo yataka kila mahali penye watu 20 au zaidi pawe na kamati ya usalama. Na Katiba ya mwaka 2010, kifungu cha 41, yatupa haki ya kuunda chama na kugoma, na kifungu cha 42, kilicho jirani yake, yampa kila mtu haki ya mazingira safi. Waliozipanga haki hizi mbili ubavu kwa ubavu walifanya vyema.

Lakini sheria iliyo kitabuni ni kama panga lililo ukutani. Kule Savar pia haikuwa halali kuongeza ghorofa bila idhini. Na hapa yapasa tuseme ukweli juu yetu sisi wenyewe. Wako wanachama wanaokijua chama kwa ada tu inayokatwa mwisho wa mwezi. Wako viongozi wanaoonekana wakati wa uchaguzi na wakati wa chai ya tajiri. Katika viwanda vya nguo wengi wa cherehani ni akina mama na dada zetu, lakini mkutanoni wanaosema sana ni wanaume. Chama cha namna hiyo kikiitwa siku ya ufa, kitafika baada ya jumba kuanguka.

Basi natoa shauri langu kwa mkutano ujao wa tawi, na nataka lijadiliwe, lisipelekwe kabatini. Kila kiwanda chenye wanachama wetu kihakikishe kamati ya usalama ipo, na wajumbe wetu ndani yake wachaguliwe na wafanya kazi wenyewe, akina mama wakiwemo. Wajumbe hao wazunguke kila wiki watazame milango, nyaya za umeme, kuta, na bomba la maji machafu, waandike katika daftari, na daftari lisomwe mbele ya wanachama. Na tukubaliane mapema, kabla ya siku ya hatari, kwamba mmoja wetu akisema mahali hapa si salama, hatasimama peke yake mbele ya nyapara.

Wazee walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Wenzetu wa Savar hawakupewa nafasi ya kuziba wala ya kujenga. Sisi tunayo. Kesho ukifika kazini, kabla ya kuketi kwenye cherehani yako, nenda ukautazame mlango wa nyuma.

Wasalaam,
Mwanachama mwenzenu