Imani na Mfuko

Tinde ni njia panda. Barabara itokayo Nzega hugawanyika pale: moja hushika upande wa Shinyanga na Mwanza, na nyingine huelekea Kahama, ambako msafiri aweza kuendelea mpaka Bulyanhulu na Geita, nchi ya dhahabu. Katika mikoa iliyo pande zote za njia panda hiyo, tangu miaka ya 2006 na 2007, zilienea habari za bidhaa isiyopangwa gengeni: kiungo cha mtu mwenye ualbino, ambacho yasemwa huvuta dhahabu mwambani.

Magazeti, polisi na tasnifu za vyuo vikuu vimeyapa mauaji hayo jina moja: mauaji ya imani za kishirikina. Jina hilo limekwisha zoeleka, wala ni wachache walihojio. Lakini ni jina baya, maana lamsitiri mtu aliye chanzo cha msiba. Imani hukaa moyoni. Haina mfuko wa kulipia panga. Mwenye mfuko ni mnunuzi, naye katika jina hilo hayumo.

Mwaka 2009 ripoti ya Shirikisho la Kimataifa la Vyama vya Msalaba Mwekundu ilitaja bei ya hadi dola 75,000 kwa viungo vyote vya mtu mmoja. Na aulizwe msomaji: ni mchimbaji gani mdogo, ateremkaye shimoni kwa kamba na kulipwa kwa mgawo wa mawe, awezaye kuhesabu fedha kama hizo? Hata kama bei hiyo imetiwa chumvi, robo yake tu yatosha kuonyesha kwamba mnunuzi hakai katika kibanda cha nyasi.

Watasema wapinzani kwamba pasipo imani mnunuzi asingekuwapo. Maneno hayo ni kweli nusu. Hirizi na ramli ni vya kale Usukumani kama vilivyo penginepo, na watu wasiohesabika waliviamini bila kumwaga damu. Kilicho kigeni ni bei. Mwaka 2010 Deborah Fahy Bryceson na wenzake walionyesha jinsi mauaji hayo yalivyofungamana na uchimbaji mdogo wa madini, ambamo mtu hutajirika au hufilisika bila kujua sababu, kisha humwendea mganga amuuzie sababu.

Na sababu hiyo ni ya uongo. Ualbino ni upungufu wa rangi iitwayo melanini, ambao mtoto huurithi kwa wazazi wake wote wawili. Mfupa wake hauna tofauti na mfupa wa jirani yake. Dhahabu ya Geita imo katika miamba yenye umri wa zaidi ya miaka bilioni 2.5, nayo hufikiwa kwa kuisoma miamba hiyo. Hapo Mwadui, karibu na Shinyanga, Dk. John Williamson alitafuta almasi kwa miaka mingi kwa elimu ya mawe, akaigundua mwaka 1940. Miaka saba baadaye likapatikana humo jiwe la rangi ya waridi la karati 54.5, adimu kupita kiasi, wala halikudai mfupa wa mtu.

Katika Alfu Lela Ulela taa ya ajabu humwangukia kijana maskini. Katika ngano hii ya migodini kitu cha ajabu humfikia tajiri, na maskini ndiye akatwaye.

Mwezi Septemba 2009 Mahakama Kuu iliyoketi Kahama iliwahukumu kifo watu watatu kwa kumwua mvulana wa miaka 14. Mwezi Januari 2015 Serikali ikapiga marufuku waganga wapiga ramli. Hatua zote mbili zilistahili. Lakini ya kwanza iliwashika wauaji, ya pili ikawalenga waganga, na lugha ya ushirikina yaendelea kumpa mnunuzi kivuli cha kujifichia.

Yafaa basi wanafunzi na wanazuoni waache jina hilo, wayaite mauaji hayo biashara ya viungo vya watu. Atakayeandika juu yake aulize kwanza lile ambalo mchuuzi yeyote wa Tinde huuliza juu ya mzigo usio na mwenyewe: nani ameuagiza, na nani amelipa?