Waziri Mkuu Ni Mtu wa Kuulizwa

Wengi wetu tukisikia cheo cha Waziri Mkuu, tunaona msafara wa magari, utepe unaokatwa, na mkurugenzi wa halmashauri anayekemewa hadharani. Hayo anayafanya, na baadhi yana manufaa. Lakini siyo yaliyokizaa cheo hiki. Katika nchi zinazotawaliwa kwa njia ya bunge, cheo hiki kilizaliwa bungeni na kinaishi kwa imani ya bunge, na siku imani hiyo inapoondoka, mwenye cheo naye hufungasha. Kazi yake ya kwanza ni kujibu. Asipoulizwa, au akiulizwa maswali ya kumpamba tu, basi hata awe mchapa kazi namna gani, serikali yake inakwenda bila msimamizi.

Tazameni yaliyotokea London usiku wa tarehe 28 Machi 1979. Waziri Mkuu James Callaghan wa chama cha Labour alikuwa bungeni akisubiri kura zihesabiwe, maana kiongozi wa upinzani, Margaret Thatcher, alikuwa ameleta hoja ya kutokuwa na imani na serikali. Mbunge mmoja wa Labour, Sir Alfred Broughton, alikuwa taabani kwa ugonjwa kwao Yorkshire. Lilizungumzwa suala la kumleta kwa gari la wagonjwa, ikaonekana safari ile ingeweza kumuua, akaachwa apumzike. Hesabu ilipotangazwa, walioikataa serikali walikuwa 311 na walioiunga mkono 310. Callaghan hakubishana na hesabu. Aliinuka akasema atawaendea wananchi, uchaguzi ukafanyika mwezi Mei, akashindwa, akaondoka. Broughton alifariki siku chache tu baada ya kura ile.

India nayo iliyaona hayo tarehe 17 Aprili 1999. Chama kimoja kilijitoa katika muungano wa Waziri Mkuu Atal Bihari Vajpayee, kura ikapigwa, akapata 269 dhidi ya 270. Akajiuzulu. Uchaguzi ulipofanyika mwaka huohuo, wapiga kura walimrudisha madarakani akiwa na nguvu kuliko mwanzo.

Fikirini maana ya jambo hilo kwa mkulima. Waziri mkuu anayejua kwamba kura moja inaweza kumwangusha hawezi kumpuuza mbunge wa viti vya nyuma kutoka jimbo la pembeni kabisa. Humsikiliza kabla hajakasirika. Hapo ndipo bei ya mazao ya kijiji kisichotajwa magazetini inapofika mezani kwa mkuu wa serikali, na inafika kwa sababu anahitaji kura ya mtu yule, awe na moyo mwema au asiwe nao.

Sisi wenyewe tuliwahi kuuishi mfumo huo. Mwalimu Nyerere alikuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika tangu Mei 1961, akajiuzulu Januari 1962 ili akakijenge chama, na Rashidi Kawawa akashika nafasi yake. Tarehe 9 Desemba 1962 tukawa jamhuri, cheo kikafutwa, madaraka yakahamia kwa Rais. Mwaka 1972 kilirudishwa, na Kawawa akakishika tena, lakini hakikurudi na mamlaka yake ya zamani. Mkuu wa serikali ni Rais, naye ndiye anayemteua Waziri Mkuu.

Kwa sababu hiyo wapo wanaosema kumhoji Waziri Mkuu wa Tanzania ni kumwonea bure, kwa kuwa yeye ni mtumwa wa Ikulu tu. Sikubaliani nao hata kidogo. Katiba yetu, katika ibara ya 51, inataka atokane na wabunge wa majimbo, na hashiki madaraka mpaka Bunge limthibitishe kwa kura. Ibara ya 53 inasema mawaziri, chini ya uongozi wake, watawajibika kwa pamoja bungeni. Na ibara ya 53A inawapa wabunge njia ya kumwondoa: wakipitisha azimio la kutokuwa na imani naye kwa wingi wa wabunge wote, hana budi kujiuzulu kabla siku mbili hazijapita. Aliyeteuliwa na Rais anadaiwa pia na Bunge, na deni hilo Rais hawezi kumlipia.

Na Bunge limewahi kudai. Februari 2008, kamati teule iliyoongozwa na Dk. Harrison Mwakyembe ilipowasilisha ripoti yake juu ya mkataba wa umeme wa Richmond, Waziri Mkuu Edward Lowassa alisimama akalalamika kwamba kamati haikumhoji, kisha akaeleza kwamba amemwandikia Rais kuomba kujiuzulu. Hoja ya kutokuwa na imani haikufika hata mezani. Wanaoamini kwamba alionewa wapo hadi leo, na wanaoamini vingine wapo. Ninalolishika mimi ni hili: maswali ya wabunge yalikuwa na uzito kiasi cha kukitikisa kiti kile.

Je, uzito huo uko wapi siku za Alhamisi, wakati wa maswali ya papo kwa papo kwa Waziri Mkuu? Mbunge anasimama, anamshukuru Spika, anampongeza Waziri Mkuu kwa kazi nzuri, ndipo anauliza Serikali ina mpango gani kuhusu barabara fulani. Anajibiwa kwamba Serikali itaendelea kutenga fedha kadiri zitakavyopatikana. Anashukuru, anakaa. Waheshimiwa wabunge, jibu hilo mnalijua kabla hamjauliza! Ulizeni hivi: fedha tulizoidhinisha hapa mwaka jana kwa kazi hii zilitoka kiasi gani? Kama hazikutoka, nani aliamua, na zilikwenda wapi? Swali la namna hiyo halina utovu wa adabu, wala halihitaji kuwa mpinzani. Callaghan na Vajpayee waliulizwa makali kuliko hayo, na nchi zao hazikubomoka.

Nanyi wapiga kura, msijitoe. Mbunge anajifunza kusifu kwa sababu nyumbani hakuna anayemhesabia. Atakapofika jimboni na kuitisha mkutano, kabla ya ngoma na kabla ya ahadi ya mabati, asimame mtu amuulize: katika mkutano wa Bunge uliokwisha, ulimuuliza nini Waziri Mkuu, naye alikujibu nini?