Makaa ya Mui na Shamba la Mtu



Wengi wetu hapa Kaloleni na Makadara mashamba yetu yako Ukambani. Mwaka 2013 Serikali ilitia sahihi mkataba na kampuni ya Kichina, Fenxi, kuchimba makaa ya mawe bonde la Mui, Kitui. Tangu hapo mwenye shamba hajui ajenge au ahame. Wanatuambia kazi zitakuja. Kazi gani, kwa mshahara gani? Shimo la wazi halipiti chini ya shamba, linakula shamba lenyewe, na makaburi ya wazee! Stima ya makaa ya Lamu ilifutiwa leseni tarehe 26 Juni 2019 kwa kuwa wananchi hawakushirikishwa ipasavyo. Basi na Mui waulizwe, fidia ilipwe kwanza, na mchimbaji aandikiwe matibabu ya vumbi la kifuani kabla ya kushika sururu.