Mcheza Sinema Aliyekuwa Waziri Mkuu

Juzi jirani yangu hapa Machakos alinijia analia. Kifungua mimba wake, aliyemaliza kidato cha nne, amekataa katakata kwenda chuo cha ualimu. Anataka kuigiza. "Mtoto wangu awe kichekesho cha watu!" mama akalalama, nami nikampisha kiti na kumsimulia habari za Rashid Mfaume Kawawa.

Wengi wenu mnamfahamu Mzee Kawawa kama msaidizi wa karibu wa Mwalimu Nyerere, yule waliyempachika jina la Simba wa Vita. Lakini je, mwajua kwamba kabla ya siasa alikuwa nyota wa sinema?

Kawawa alizaliwa Songea na kusoma Tabora. Inasimuliwa kwamba aliiacha nafasi ya kwenda Makerere ili wadogo zake nao wapate karo. Akawa karani, kisha akaingia idara ya ustawi wa jamii, iliyokuwa ikizungusha magari ya sinema vijijini. Mama yangu aliyaona magari ya aina hiyo huku Ukambani: shuka jeupe, jenereta likinguruma, na watoto wakipita nyuma ya shuka kumtafuta mtu waliyemwona mbele!

Mwanzoni mwa miaka ya 1950, serikali ya kikoloni ya Tanganyika ilitaka sinema za Kiswahili zichezwe na Waafrika wenyewe. Kampuni ya Afrika Kusini ikapewa kazi ya kuzipiga. Ndipo Kawawa akatokea katika Muhogo Mchungu, kisa cha mtu wa shamba na masaibu yake mjini Dar es Salaam. Naam, mkoloni alikuwa na mafunzo yake ya kuwapa watu, lakini watazamaji walimwona mwenzao akisema lugha yao.

Mwaka 1953 alipelekwa Urambo kufanya kazi miongoni mwa Wakikuyu waliozuiliwa huko wakati wa Mau Mau. Huo haukuwa mchezo wa kuigiza. Mwaka 1955 akawa katibu mkuu wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi, na mwaka uliofuata akaaga utumishi wa serikali, kwani mtumishi hakuruhusiwa kujitia katika siasa.

Januari 1962 Nyerere alijiuzulu uwaziri mkuu ili akakiimarishe chama cha TANU. Aliyekabidhiwa kiti ni yule yule wa Muhogo Mchungu. Watu hupenda kumtaja Ronald Reagan wa Marekani, mcheza sinema aliyekuwa Rais mwaka 1981. Huyu wetu alimtangulia kwa miaka 19, na sijui kwa nini hatumtaji! Baadaye alikuwa Makamu wa Pili wa Rais, kisha Waziri Mkuu tena kuanzia 1972 hadi 1977. Alifariki Desemba 31, 2009.

Jirani yangu alisikiliza mpaka mwisho, chai imempoea mkononi. Akapangusa macho.

"Na alipokuwa akicheza hizo sinema, alikuwa ameacha kazi?"

"La, mama. Alikuwa mtumishi wa serikali."

"Ahaa!" Akasimama, akajifunga leso vizuri. "Basi njoo kesho jioni umweleze hivyo hivyo. Na hapo pa kazi, upaseme mara mbili."

Nitakwenda.