Tanzia Huchezwa: Nafasi ya Ngoma katika Usomaji wa Mfalme Edipode

Kwa muda mrefu tanzia ya Kiyunani imefundishwa katika madarasa ya Kiswahili kana kwamba ni maneno matupu. Mwanafunzi anayesoma Mfalme Edipode, tafsiri ya Samuel Mushi, huchambua dhamira, wahusika na lugha. Afikapo penye korasi, hurukia mazungumzo yanayofuata. Huo ni usomaji pungufu. Neno korasi asili yake ni neno la Kiyunani lenye maana ya ngoma, na kundi hilo liliimba na kucheza mbele ya hadhira ya Athens.

Filamu ya Night Journey (1961), iliyoongozwa na Alexander Hammid, yathibitisha uzito wa jambo hili. Ni ngoma ya Martha Graham wa Marekani, iliyochezwa jukwaani mara ya kwanza mwaka 1947. Wachezaji hawasemi neno. Kisa cha Sophocles kimegeuzwa: anayekumbuka ni Jocasta, mama na mke wa mfalme, naye ameshika kamba ya kujinyongea. Katika tamthilia, kifo chake husimuliwa tu na mjumbe. Katika filamu, kamba ile ile yamfunga pamoja na mwanawe, na mtazamaji hung'amua kwa jicho kwamba ndoa na kitanzi ni kitu kimoja.

Wapo wanaoshikilia kwamba ngoma isiyo na maneno haihusiani na fasihi. Hoja hiyo haisimami Taveta. Katika kaunti hiyo hiyo, kwenye milima ya Wataita, kuna Mwazindika, ngoma ya pepo na uganga, ambamo mwili hunena yaushindayo ulimi. Mwanafunzi aliyeishuhudia ameielewa korasi kabla ya kufungua kitabu. Kuyapuuza maarifa hayo ni kumfanya mgeni katika somo ambalo angekuwa mwenyeji.

Nyenzo zipo. Tamasha la Kitaifa la Drama na Filamu la Kenya hushindanisha ngoma bunifu na filamu, kila moja katika kitengo chake. Kilichobaki ni kuziunganisha darasani. Wahadhiri wanaowaandaa walimu hawana budi kuanza: korasi ya Edipode ichezwe, irekodiwe, kisha ihakikiwe kama matini nyingine yoyote.

Wahenga walinena kwamba mcheza kwao hutuzwa. Katika darasa la fasihi, mcheza kwao bado anangoja tuzo yake.