Amri ya Mahakama Isiwe Rungu la Dalali

Wapo wanaodai kwamba amri ya kukabidhi nyumba au shamba ikishapigwa muhuri, kazi iliyobaki ni ya dalali na vijana wake wa kubeba vyombo. Kwa maoni yao, anayehoji lolote mlangoni ni mkaidi, na dawa ya mkaidi ni askari. Hoja hii imezoeleka mno mjini Morogoro, na husemwa hata na watu waliosoma. Ni hoja potofu.

Hakuna anayekataa kwamba hukumu haina budi kutekelezwa. Baba na mwanawe waliorudishiwa shamba lao la urithi mwaka 1987, kwa hukumu ya mahakama ya Arusha, waliona sheria ya mwaka 1992 ikija kufuta haki za kimila vijijini na kuwafungia milango ya mahakama. Desemba 1994 Mahakama ya Rufani ilitamka kwamba haki ya kimila ya kukalia ardhi ni mali inayolindwa na Katiba. Mshindi, basi, apewe chake. Lakini apewe kutoka kwa nani?

Sheria ya Mwenendo wa Madai ya mwaka 1966, ambayo chimbuko lake ni sheria ya India ya 1908, inaruhusu kumwondoa mtu anayefungwa na hukumu na aliyekataa kutoka. Maneno hayo yasomwe tena: anayefungwa na hukumu. Mtu mwingine aliyemo humo kwa haki yake mwenyewe hatolewi kwa amri hiyo. Akitolewa, sheria inampa nafasi ya kurudi mahakamani kulalamika. Dalali anayedai kwamba karatasi yake inamwondoa “yeyote atakayekutwa” ameongeza neno ambalo hakimu hakuliandika.

Huko milimani Uluguru kosa hili lina sura mbaya zaidi. Kwa mila ya Waluguru ardhi ni ya ukoo wa mama, na mume mara nyingi hulima katika ardhi ya ukoo wa mkewe. Anaposhitakiwa mume peke yake, akashindwa, ni nani hasa amehukumiwa? Mke hakuitwa, mjomba hakuitwa, ukoo haukuitwa. Katiba, Ibara ya 13, inataka mtu asikilizwe kwa ukamilifu haki zake zinapoamuliwa. Milima hiyo ina kumbukumbu ndefu: mwaka 1955 wananchi wa Matombo waliukataa mradi wa wakoloni wa kulimisha matuta kwa amri, na mradi ukafa. Amri isiyomtambua mwenye ardhi si jambo jipya kwao.

Liko na jambo la saa. Sheria hiyohiyo ya 1966 inakataza kuingia nyumba ya kuishi baada ya jua kuchwa na kabla ya kuchomoza ili kukamata mali inayohamishika. Ikiwa kabati limepewa heshima hiyo, kwa nini watoto watupwe nje usiku, tena katika mvua za masika? Atakayejibu kwamba katazo linahusu kabati tu, na si watoto, atakuwa amesema kweli ya karani. Ajibu pia kama angeridhika nalo nyumbani kwake.

Yanayotakiwa si makubwa. Hakimu aulize, kabla ya kutia saini, ni nani wanaoishi humo na kwa haki gani. Majina ya wanaofungwa na hukumu yaandikwe katika hati yenyewe. Mwenyekiti wa mtaa au wa kijiji aitwe mapema, si kuamshwa ashuhudie vyombo vikiwa tayari barabarani. Mazao yaliyokaribia kukomaa yawekewe muda wa kuvunwa. Na mtumishi wa kata, au mwalimu ambaye huletewa karatasi hiyo amsomee jirani yake, aisome yote mpaka mwisho, kisha aulize jina la mwenye nyumba hiyo limeandikwa mstari gani.