Fundi wa video, nani atakulipia karo?

Wale waliokaa Nairobi kabla simu haijageuka kuwa televisheni watakumbuka vibanda vya filamu. Kila mtaa ulikuwa na chake. Diski moja iliuzwa shilingi 50. Ndani mlikuwa na kompyuta ya kunakilia, mashine ya kuchapishia majalada, na kijana mmoja au wawili waliojua bila kutazama daftari ni sehemu ya ngapi ya mchezo gani wa Marekani iliyofika jana usiku. Kama walikuwa na haki ya kunakili au la, hilo ni suala la mahakama na sitaligusa leo. Ninachouliza ni hiki: vijana wale walikwenda wapi?

Wengi hawakwenda mbali. Vibanda ni vile vile, ila sasa vinauza chaja na vikasha vya simu. Kazi ilikufa kimyakimya, bila hata mtu kupewa barua ya kufutwa. Watu wanaendelea kutazama filamu, tena kuliko zamani, lakini zinawafikia kwa intaneti na mkono wa yule kijana hauhitajiki tena.

Tusidhani mambo haya yametupata sisi pekee. Kampuni ya Netflix, ambayo leo jina lake linatajwa hata na watoto wa shule ya msingi, ilianzishwa California mwaka 1997, na kazi yake ilikuwa kukodisha diski kwa njia ya posta. Ilikuwa na maghala kote Marekani, na watu waliofungua bahasha, wakakagua diski kama zina mikwaruzo, wakazipanga na kuzituma tena. Mwaka 2007 ilianza kuonyesha filamu kwa intaneti. Mnamo Septemba 29, 2023, ilituma diski zake za mwisho, baada ya kutuma zaidi ya bilioni 5 kwa miaka 25. Kazi ya kukagua mikwaruzo ikaisha siku hiyo.

Hapo msomaji atasema, basi si kampuni iwafunze watu wake kazi mpya? Nami nilidhani hivyo ndivyo mambo yanavyokwenda, mpaka niliposoma maandishi ya Bi Patty McCord, aliyekuwa mkuu wa wafanyakazi wa Netflix kwa miaka mingi. Mwaka 2014 aliandika makala katika jarida la Harvard Business Review akieleza jinsi walivyokuwa wakiajiri na kuachisha kazi. Anasimulia habari za mwanamke mmoja, mhandisi, ambaye kazi yake wakati huduma ya intaneti ilipoanza ilikuwa kutafuta hitilafu katika programu. Alikuwa hodari, mwepesi na mwenye bidii. Baadaye ikapatikana njia ya kuifanya kompyuta yenyewe itafute hitilafu hizo. Mwanamke huyo hakupendezwa na njia hiyo mpya wala hakuimudu vizuri. Mkubwa wake alitaka kumwekea mpango wa miezi kadhaa wa kumsaidia ajirekebishe. Bi McCord alimshauri asijisumbue, bali waagane naye kwa heshima na kumpa kiinua mgongo kizuri.

Katika makala hayo hayo kuna mtunza hesabu, mwanamke aliyefanya kazi kwa moyo tangu kampuni ikiwa changa. Kampuni ilipoingia soko la hisa mwaka 2002, ikahitaji wahasibu waliohitimu kikamilifu, naye alikuwa na cheti cha chuo kidogo tu. Naye akaagwa vile vile. Mimi mwenye diploma nilisoma habari hiyo mara mbili.

Bi McCord haoni haya kuyasema hayo. Hoja yake ni kwamba kumdanganya mtu kwa mpango wa kumrekebisha, huku kila mmoja akijua mwisho wake, ni ukatili zaidi kuliko kumwambia ukweli na kumlipa. Siwezi kusema amekosa kabisa. Yeye mwenyewe aliondoka katika kampuni hiyo mwaka 2012. Lakini mzazi anayelipa karo anafaa kuyajua haya mapema. Katika biashara hii, anayekuajiri hununua ujuzi ulio nao leo. Ujuzi wa kesho unajitafutia mwenyewe, na mara nyingi kwa pesa zako.

Hapa kwetu hali ni ngumu zaidi, kwa kuwa mafundi wengi wa filamu hawana hata huyo mwajiri wa kuwaaga kwa heshima. Hufanya kazi za mkataba mfupi: wiki sita huku, siku nne kule, kisha kukaa nyumbani wakingoja simu. Sheria ya Kenya humtoza kila mwajiri shilingi 50 kwa mwezi kwa kila mfanyakazi, bei ya ile diski yetu ya zamani, zikaingia katika hazina ya mafunzo chini ya mamlaka ya mafunzo ya viwandani, NITA. Mwajiri anayewapeleka watu wake kusoma anaweza kudai kurudishiwa sehemu ya gharama. Ni mpango mzuri. Lakini anaufaidi yule aliye katika orodha ya mishahara. Fundi wa sauti anayeajiriwa kwa siku nne hana wa kumlipia shilingi hizo 50, wala wa kumwandikia barua ya kwenda kusoma. Nadhani vyama vya watu wa filamu vingefanya jambo la maana kulivalia njuga suala hili, kuliko kugombania nani ataketi mbele siku ya tuzo.

Sasa, ni ujuzi gani hasa unaotakiwa? Wengi hudhani ni kushika kamera. Kamera ni sehemu ndogo. Filamu ya mtandaoni haitumwi nzima nzima. Hukatwa vipande vya sekunde chache chache, na kila kipande hutengenezwa mara kadhaa, kuanzia chepesi chenye picha hafifu mpaka kizito chenye picha safi. Simu yako huchagua yenyewe: mtandao ukiwa na nguvu inaitisha kizito, ukilegea inaitisha chepesi. Ndiyo sababu ukiwa ndani ya matatu picha hufifia kwa muda kisha ikarudi, badala ya kukwama kabisa. Nyuma ya jambo hilo dogo kuna watu wanaokagua vipande, wanaopima rangi, na wanaoandika programu.

Mtengenezaji wa filamu naye amebadilishiwa masharti. Zamani alipeleka kanda kwenye kituo cha televisheni, picha na sauti zikiwa zimechanganywa pamoja, kazi ikaisha. Kampuni kubwa za mtandaoni hutaka mazungumzo yawe peke yake, na muziki na vishindo peke yake, ili mtu wa Brazil aweze kuingiza Kireno bila kupoteza mlio wa mlango au honi ya matatu. Fundi aliyezoea kuchanganya kila kitu pamoja atarudishiwa kazi yake, na mwenye filamu atalazimika kulipia matengenezo upya. Fundi wa sauti anayejua masharti hayo tangu siku ya kwanza ya kupiga picha ni mali.

Kazi ninayotaka kukaa nayo kidogo, hata hivyo, ni ile ya kuandika maneno yanayopita chini ya picha. Nairobi ina walimu wa Kiswahili, watafsiri na wanafunzi wa lugha ambao hawajawahi kufikiri kwamba biashara ya filamu inawahusu. Inawahusu sana.

Kazi hiyo ina sheria kali. Kwa kawaida mstari mmoja hauzidi alama 42, nafasi kati ya maneno zikihesabiwa, na mistari haizidi miwili. Maneno hayawezi kukaa kwenye skrini chini ya sekunde moja hivi, wala zaidi ya sekunde saba. Mtu mzima hukadiriwa kusoma alama kati ya 17 na 20 kwa sekunde. Tuseme mama katika filamu anafoka: “Nimekuambia mara ngapi usimfungulie mlango mtu usiyemjua wakati mimi sipo nyumbani?” Hizo ni alama 83. Zinaenea katika mistari miwili, lakini kwa taabu, na mama amezitamka kwa sekunde tatu. Mtazamaji ana nafasi ya kusoma alama 51, au 60 akiwa mwepesi. Basi fundi anaandika: “Usimfungulie mtu usiyemjua nisipokuwepo!” Alama 40, mstari mmoja. Kilichopotea ni ghadhabu ya lile “mara ngapi”, na hiyo itabidi ibebwe na uso wa mwigizaji.

Kiswahili kimejaliwa katika kazi hii. “Hawatatuambia” ni neno moja la herufi 13, jambo ambalo Kiingereza hulisema kwa maneno matano. Lakini kina mtego wake pia. “Ameondoka” haisemi kama aliyeondoka ni mwanamume au mwanamke, na anayeitafsiri filamu ya Kiswahili kwa Kiingereza bila kuitazama picha atamgeuza shangazi kuwa mjomba. Mchezo wa Korea Kusini, Squid Game, ulipotoka mwaka 2021 na kutazamwa dunia nzima, wasemaji wa Kikorea walilalamika kwamba maandishi ya Kiingereza yamewapunja maana. Si kazi ya kumpa yeyote tu anayejua lugha mbili.

Mtauliza: na hiyo akili unde, si itaichukua kazi hii nayo? Sehemu yake imekwisha kuichukua. Kompyuta sasa huandika mazungumzo ya Kiingereza kwa kasi ambayo hakuna mpiga chapa angeifikia. Hujikwaa pale kijana wa Eastlands anapochanganya Sheng, Kiswahili na lugha ya nyumbani katika sentensi moja, na filamu zetu zimejaa sentensi za namna hiyo. Kinachotokea ni kwamba mtafsiri anapewa kazi ya mashine aisahihishe, kwa malipo ya chini kuliko yale ya kutafsiri. Waandishi wa Hollywood waligoma tangu Mei 2 hadi mwisho wa Septemba 2023, na mojawapo ya mambo waliyodai na kuyapata ni masharti ya jinsi mashine hizi zitakavyotumiwa. Wao wana chama chenye nguvu. Mtafsiri wa hapa kwetu anajadiliana bei peke yake, usiku, kwa simu.

Mafunzo yapo jijini. Chuo cha mawasiliano cha KIMC, kule South B, kilianza mwaka 1961 kufunza mafundi wa utangazaji. Kuanzia mwaka 2008 warsha za One Fine Day, zilizoanzishwa na mwongozaji wa Ujerumani Tom Tykwer na mkewe, ziliwaweka vijana wa hapa kando ya mafundi waliobobea, kisha wakatengeneza filamu pamoja. Nairobi Half Life ya mwaka 2012 ilitoka huko, ikawa filamu ya kwanza ambayo Kenya iliipeleka kushindania Oscar. Mwongozaji wake, Tosh Gitonga, ameendelea na kazi mpaka leo. Mwaka 2018 MultiChoice ilifungua chuo chake Nairobi na kuchukua wanafunzi 20 kutoka Kenya, Uganda, Tanzania na Ethiopia, mwaka mzima bila karo. Na Julai 2022 mfululizo wa Country Queen ukawa wa kwanza wa Kenya kuonyeshwa na Netflix.

Ishirini kutoka nchi nne, lakini, ni watu wachache mno. Waliobaki huangukia vyuo vya ghorofani mjini, na hapo ndipo wazazi wanapoliwa pesa. Chuo kinachojivunia jina la programu fulani ya kompyuta kitamfunza mwanao vitufe, na vitufe hubadilika kila baada ya miaka michache. Kabla ya kulipa, uliza wanafunzi wangapi hugawana kompyuta moja. Omba kuonyeshwa kazi iliyomalizwa na mwanafunzi wa mwaka jana, usiridhike na picha za sherehe ya kufuzu. Uliza pia kama mwalimu amewahi kurudishiwa filamu na kampuni ya mtandaoni kwa kukosa masharti, na alifanya nini. Mwalimu aliyewahi kurudishiwa ana la kumfundisha mwanao kuliko asiyewahi kujaribu.

Anayetaka kujipima kabla hajalipa senti anaweza kufanya hivyo leo hii, baada ya chakula. Chagua dakika mbili za filamu yoyote ya Kiswahili. Sikiliza, andika mazungumzo yote, kisha yapunguze yaingie katika alama 42 kwa mstari bila kuua maana. Zima sauti, mwite mtu ambaye hajaitazama filamu hiyo, na umwambie asome huku picha ikienda. Mkifika mwisho, mwulize nani alimwambia nani nini. Dakika hizo mbili zitakula saa mbili au tatu za jioni yako mara ya kwanza, na nyanya yako, kama ndiye msomaji uliyemchagua, atakuambia bila kukuficha ni wapi maneno yalimkimbia.